Afisa ustawi mpya, ijue siasa iliyoizaa kazi yako

Wadogo zangu mnaoripoti kazini katika halmashauri za Iringa, Njombe, Mbeya na Songwe, karibuni sana Nyanda za Juu Kusini. Njooni na makoti. Mtapewa meza, mtapewa rundo la mafaili, na kabla ya saa nne asubuhi benchi la nje litakuwa limejaa: mama anayedai matunzo ya mtoto, bibi aliyenyang'anywa shamba na ndugu wa marehemu mumewe, kijana mwenye barua ya mtendaji wa kijiji. Kujaza fomu mtazoea haraka. Jambo ambalo pengine hakuna atakayeketi nanyi kuwaeleza ni kwamba fomu hizo zina historia, na historia hiyo ni ya siasa tangu ilipoanza. Nimefanya kazi hii miaka mingi, Iringa kwanza na sasa Mbeya, na nimeona afisa asiyejua kazi yake ilikotoka akitumiwa na kila mwenye nguvu huku akiamini anatekeleza majukumu tu.

Mtaambiwa kuwa ustawi wa jamii hauna siasa. Kama wanamaanisha siasa za vyama, ni kweli kabisa. Mtumishi wa umma hapaswi kuingiza kadi ya chama kwenye faili la mteja, na mkilishika hilo mtaheshimika hata uchaguzi ukipamba moto. Lakini nani apate nini, nani alaumiwe kwa njaa iliyomo nyumbani kwake, nani aondolewe barabarani ili mji upendeze kwa siku mbili za ugeni, hayo nayo ni siasa, na kalamu zenu zimo humo kila siku ya kazi.

Kazi hii ina mizizi miwili, nayo haijawahi kupatana. Wa kwanza ni wa mashaka. Uingereza ya mwaka 1601, chini ya Malkia Elizabeth wa Kwanza, ilitunga sheria ya maskini iliyowagawa watu: asiyeweza kufanya kazi asaidiwe, mwenye nguvu asiye na kazi alazimishwe au aadhibiwe. Mwaka 1834 sheria ikakazwa. Aliyetaka msaada aliingia kwenye nyumba ya kazi, na maisha ya humo yalipangwa makusudi yawe mabaya kuliko ya kibarua wa chini kabisa aliye nje, ili asiingie mtu ila aliyekwisha kukata tamaa. Mume alitengwa na mkewe, watoto wakatengwa na wazazi. Mwaka 1869 likaundwa jijini London shirika la kuratibu misaada, Charity Organisation Society, ambalo watembeleaji wake walizunguka nyumba kwa nyumba kupima kama maskini fulani anastahili au hastahili. Kutembelea kaya, kumfungulia mtu faili, kumhoji na kuhakiki maelezo yake kwa majirani, sehemu kubwa ya hayo tumeirithi kwao. Ni zana nzuri, na ninyi mtazitumia. Zilitengenezwa na watu walioamini kwamba chanzo cha umaskini kimo ndani ya tabia ya maskini.

Mzizi wa pili ni wa haki. Mwaka 1884 Toynbee Hall, nyumba ya wasomi walioamua kuishi kati ya maskini, ilifunguliwa mashariki ya London, na mwaka 1889 Jane Addams na Ellen Gates Starr wakafungua Hull House mjini Chicago. Hawa walihamia mtaani, wakaishi na wahamiaji waliokuwa wanafanya kazi viwandani, na wakaanza kuhesabu. Walichora ramani ya mtaa nyumba kwa nyumba, kila familia na mshahara wake wa wiki. Florence Kelley, aliyekuwa akiishi Hull House, alipigania sheria ya viwanda ya jimbo la Illinois ya mwaka 1893 iliyozuia watoto wa chini ya miaka 14 kufanya kazi viwandani na kuweka kikomo cha saa nane kwa wanawake. Mahakama ya juu ya jimbo ikakifuta kifungu cha saa nane mwaka 1895. Wakaendelea. Mwaka 1899 mahakama ya kwanza ya watoto duniani ilianza Chicago, na wanawake wa Hull House walikuwa miongoni mwa walioisukuma. Addams alipopinga Vita Kuu ya Kwanza alitukanwa hadharani nchini mwake. Mwaka 1931 alipewa Tuzo ya Nobel ya Amani.

Sasa niwaoneshe mizizi hiyo inavyokutana mezani kwenu. Mwaka 1993 nchi yetu ilianza kuchangisha wagonjwa katika hospitali za umma, wakati wa yale masharti ya kubana matumizi yaliyoletwa na wakopeshaji. Sera ikaweka msamaha: watoto wa chini ya miaka mitano, wajawazito, wazee wa miaka 60 na zaidi wasio na uwezo, na maskini wengine watakaothibitishwa. Nani athibitishe? Kwa maskini hao wa mwisho, mara nyingi ni afisa ustawi wa hospitali. Yaani uamuzi mkubwa wa kitaifa, kwamba mgonjwa alipe, ulishushwa ngazi hadi kwenye meza ya afisa mmoja mwenye fomu, na yeye ndiye anayemtazama mama usoni na kuamua kama umaskini wake unatosha.

Hospitali moja niliyowahi kufanya nayo kazi ilikuwa na afisa aliyetazama kwanza viatu, kisha simu, kisha koti. Mgonjwa mmoja kutoka vijiji vya juu alikosa msamaha kwa sababu ya koti la sufu. Mwezi Julai! Yeyote aliyekulia Makete au Njombe anajua kwamba mwezi huo hata asiye na sahani ana koti, na la mtumba linaweza kupendeza kuliko la dukani. Mkikaa kwenye kiti hicho, acheni mavazi. Ulizeni analima ekari ngapi na amevuna magunia mangapi, ameuza mangapi kabla hayajafika ghalani, nani mwingine anaumwa nyumbani, wameuza nini mpaka sasa ili kufika hapo hospitali. Mtu aliyeuza ng'ombe wa maziwa kwa ajili ya nauli na vipimo ameshaanguka, hata kama mfukoni ana noti. Yaandikeni hayo kwa ukamilifu. Na kila mwezi hesabuni mliowakatalia, mkaonesha kwenye ripoti ni wangapi walirudi nyumbani bila dawa. Mganga mfawidhi hatafurahi sikuzote, lakini ile hesabu ndiyo inayopanda juu. Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ilipitishwa mwaka 2023, na ufukara wa watu ukiandikwa vizuri na maafisa wa chini ndio unaowapa hoja wanaodai bima hiyo imfikie asiye na kitu.

Turudi nyuma, huku kwetu. Kabla hajafika afisa ustawi yeyote, serikali ya kikoloni ilikuwa tayari imeivunja kaya ya Nyanda za Juu. Kodi ilidaiwa kwa fedha taslimu, na fedha ilikuwa mbali. Wanaume wa Njombe na Iringa walikwenda manamba kwenye mkonge wa Tanga. Wa Rungwe walikwenda dhahabu ya Lupa kule Chunya, na wengine migodi ya shaba ng'ambo ya mpaka, hadi migodi ya Afrika Kusini. Wanawake walibaki na jembe, watoto na wazee. Ustawi wa jamii kama idara ulikuja baada ya Vita Kuu ya Pili, na moja ya hofu iliyouleta ilikuwa ni ya askari waliorudi. Walikuwa wamepigana Abisinia na Burma, wameona Mzungu akishindwa na akiogopa kama mtu mwingine yeyote. Vituo vya ustawi vilijengwa ili wapate mahali pa kusoma, kucheza na kutulia. Kutulia ndilo lililotakiwa. Mnaposikia mradi wa vijana ukielezwa kwamba ni wa kuwafanya vijana wasilete vurugu, kumbukeni tuliwahi kuwa hapo.

Azimio la Arusha la mwaka 1967 liliweka swali la haki waziwazi kuliko maandishi mengi ya taaluma yetu. Lilisema katika nchi ya ujamaa kila mtu anaishi kwa jasho lake, isipokuwa watoto, wazee, vilema na wale ambao taifa limeshindwa kuwapatia kazi. Someni tena kipengele hicho cha mwisho. Asiye na kazi hakuitwa mvivu, lawama iliwekwa kwa taifa. Mwaka 1973 Bunge likatunga sheria ya kuanzisha chuo cha kufundisha maafisa wetu, kile ambacho leo ni Taasisi ya Ustawi wa Jamii pale Kijitonyama, Dar es Salaam. Wenzetu wa maendeleo ya jamii nao wana vyuo vyao huku kwetu, Uyole na Rungemba. Msishindane nao. Mtaa mmoja unawahitaji nyote.

Miaka hiyo hiyo ilionesha pia haki ikigeuka amri. Isimani, kaskazini ya Iringa mjini, ilikuwa nchi ya wakulima wakubwa wa mahindi. Siku ya Krismasi mwaka 1971, katika mvutano uliotokana na vijiji vya ujamaa, mkulima Said Mwamwindi alimpiga risasi na kumuua Mkuu wa Mkoa, Dk. Wilbert Klerruu. Mwamwindi alinyongwa, na chuo cha ualimu pale Iringa kikapewa jina la Kleruu. Baada ya hapo ikaja operesheni ya kuhamishia watu vijijini, mwaka 1973 hadi 1976. Wazee wengi mtakaowatembelea bado wana kumbukumbu za nyumba waliyoiacha, kaburi la baba lililobaki kule, muembe. Nanyi mtakapowaendea na mradi mpya wenye nia njema, wakakaa kimya kwenye mkutano, msiandike kwamba wananchi wana mwamko mdogo. Wanakumbuka. Salimieni kwanza, kamwene kwa Wahehe na Wabena, ugonile kwa Wanyakyusa, kaeni kwenye kigoda mtakachopewa, na ulizeni kilichowapata mara ya mwisho serikali ilipokuja na jambo jema.

Kuhusu operesheni nina la kusisitiza. Wakoloni walikuwa na sheria za kuwarudisha vijijini Waafrika wasiotakiwa mjini. Mwaka 1983 tukawa na Sheria ya Nguvu Kazi, na watu walioitwa wazururaji wakakamatwa mijini na kupelekwa mashambani. Mwaka 2006 wafugaji na mifugo yao waliondolewa bonde la Usangu, Mbarali, kwa hoja ya kuokoa maji ya ardhioevu ya Ihefu na Mto Ruaha Mkuu. Kila moja ilikuwa na sababu zake, na sababu nyingine zilikuwa na uzito. Lakini ninyi mtaitwa kwa jambo dogo zaidi: barua itakuja kwamba ombaomba na watoto wa mitaani waondolewe Mwanjelwa na Kabwe, hapa Mbeya, na afisa ustawi awepo. Nendeni, kwa sababu msipokuwepo itafanyika bila mtu wa kuwatetea. Mkifika, ulizeni wanapelekwa wapi na kwa gari gani, nani atawapokea, nani kati yao anatumia dawa za kila siku, na mtoto huyu ana ndugu yupi tuliyezungumza naye kwa simu kabla ya leo. Wekeni majibu kwa maandishi, mkaandika na jina la aliyejibu. Kama majibu hayapo, semeni kwa heshima kwamba taaluma hairuhusu kumpandisha mtoto gari lisilojulikana linakokwenda. Nimeona sentensi hiyo ikisimamisha lori.

Kuna darasa moja la historia ambalo ningependa lifundishwe kila chuo chetu, nalo linatoka Afrika Kusini. Miaka ya 1930, Chuo Kikuu cha Stellenbosch kilikuwa na profesa wa sosholojia na ustawi wa jamii aliyeshughulika sana na umaskini wa Wazungu. Mwaka 1934 alikuwa kiungo muhimu wa mkutano mkubwa wa Kimberley uliojadili namna ya kuwainua makaburu fukara. Alijua takwimu, alijua mbinu za kupanga huduma, alijali watu wake. Jina lake Hendrik Verwoerd. Mwaka 1950 akawa waziri wa mambo ya wenyeji, mwaka 1958 akawa waziri mkuu, na dunia inamkumbuka kama fundi mkuu wa ubaguzi wa rangi. Alitumia elimu hii hii mnayoisomea: ustawi kwa baadhi, uliolipwa na wengine.

Mwaka 1941, nchi hiyo hiyo, ilifunguliwa Johannesburg shule iliyofundisha Waafrika kazi ya ustawi wa jamii, iliyoitwa Jan Hofmeyr. Angalieni waliopita pale. Joshua Nkomo, aliyerudi Bulawayo kuwa mfanyakazi wa ustawi kwenye shirika la reli, akaona maisha ya wafanyakazi wa reli kutoka ndani, akawa kiongozi wa chama chao cha wafanyakazi na kisha wa ukombozi wa Zimbabwe. Winnie Madikizela, aliyeajiriwa Hospitali ya Baragwanath akiwa miongoni mwa wanawake Waafrika wa kwanza katika kazi hiyo, kabla jina la Mandela halijaungana na lake. Eduardo Mondlane naye alisoma pale kwa muda kabla ya kuingia Chuo Kikuu cha Witwatersrand, alikofukuzwa mwaka 1949. Mondlane ndiye aliyeiongoza FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji, ilipoundwa Dar es Salaam mwaka 1962, na ndiye aliyeuawa kwa bomu Dar es Salaam tarehe 3 Februari 1969. Wanaopita Mbeya kwa treni ya TAZARA wanapita juu ya reli iliyojengwa kwa sababu ya ukombozi huo, ili Zambia ipate njia ya baharini isiyopita kwenye nchi za walowezi. Nawaambia wanafunzi wangu wa mafunzo kwa vitendo: taaluma moja, nchi moja, zama zilezile. Kilichowatenganisha Verwoerd na Nkomo ni swali walilouliza juu ya mtu maskini aliye mbele yao.

Na Ujerumani ya Hitler hali ilikuwa ya kutisha zaidi. Sheria ya mwaka 1933 iliruhusu watu walioitwa wenye kasoro za kurithi wafungwe uzazi kwa nguvu, na wafanyakazi wa ustawi walikuwa kati ya walioripoti majina. Alice Salomon, aliyeanzisha shule ya ustawi wa jamii Berlin mwaka 1908, alilazimishwa kuondoka nchini mwaka 1937. Ninaposisitiza usiri wa mafaili hadi mnanichoka, sababu yangu ni hiyo. Faili lililoandikwa kwa upendo linaweza kusomwa na mtu mwingine kwa nia nyingine. Hali ya VVU ya mteja, kabila lake, tuhuma za kishirikina alizobandikwa, visiandikwe pale ambapo havihitajiki. Katika vijiji vya Mbeya na Songwe ambako lambalamba wamepita wakidai kufichua wachawi, karatasi inayosema bibi fulani anatuhumiwa na majirani inaweza kumwondolea uhai.

Nikae kidogo kwenye mahakama ya watoto, maana hapa ndipo kalamu yenu ina nguvu kuliko mahali pengine popote. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtambua mtoto kuwa ni yeyote chini ya miaka 18, na hakimu hutegemea ripoti ya uchunguzi wa kijamii inayoandikwa na sisi. Mbeya tuna mahabusu ya watoto, na Shule ya Maadilisho Irambo, inayopokea watoto kutoka mikoa yote, iko huku huku kwetu. Kwa hiyo maneno yenu yana uzito wa miezi na miaka ya maisha ya mtu.

Chukueni mfano wa kawaida. Kijana wa miaka 15 amekamatwa na simu ya wizi karibu na soko la SIDO. Ripoti ya uvivu huandikwa hivi: "Mtoto ni mtukutu, ameacha shule, mama ameshindwa kumlea, baba hayupo." Mistari miwili, muhuri, imekwisha. Nenda nyumbani kwao sasa, na uende jioni mama akiwepo. Utakuta mama anatoka saa kumi na moja alfajiri kupokea viazi vya kutoka vijijini na anarudi giza limeingia. Baba yuko mashine za mbao Mufindi na hutuma hela akilipwa, naye hulipwa mbao zikiuzwa. Shuleni ada ilifutwa, lakini mchango wa chakula cha mchana haukufutwa, na mtoto asiyechangia hutazama wenzake wakila. Simu ile aliiuza kwa mtu mzima ambaye hakukamatwa. Yote haya ni ukweli unaothibitika, na hayamfanyi kijana asiwe amekosa. Yanamwonesha hakimu kwamba kumpeleka mbali hakutagusa hata jambo moja kati ya hayo, na kwamba shangazi yake wa Iyunga amekubali kwa maandishi kukaa naye, na mwalimu mkuu amekubali arudi darasani. Andikeni hivyo. Acheni maneno mtukutu, sugu, mkaidi. Hakimu anataka tarehe, mtu, mahali.

Halafu fanyeni lile walilofanya Hull House. Ripoti zikifika nyingi, zipangeni upya kwa sababu badala ya majina. Mkiona watoto wengi waliofikishwa mahakamani waliacha shule kwa mchango wa chakula, hilo si jambo la mtoto mmoja tena, na linatakiwa kufika kwenye kamati ya maendeleo ya kata likiwa na hesabu yake. Diwani ataweza kumbishia afisa kijana. Hesabu ya kata yake mwenyewe itampa kazi kuipinga.

Udumavu ndilo jambo linaloniumiza kuliko yote. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulionesha kwamba kati ya watoto wa chini ya miaka mitano, waliodumaa Iringa ni asilimia 56.9 na Njombe asilimia 50.4, wakati wastani wa nchi ni asilimia 30. Iringa! Mkoa unaolisha wengine mahindi, viazi na maharage. Mtahudhuria semina ambazo jibu lake ni moja: mama apewe elimu ya lishe. Apewe, ndiyo. Lakini mfuateni huyo mama siku moja nzima ya mwezi Januari. Amebeba mtoto mgongoni, yuko shambani tangu alfajiri au anachuma chai kwa kipimo cha kilo, mtoto analishwa uji mwepesi na dada yake wa miaka saba. Mavuno yakija, mazao yanauzwa na mume, na mke hajui bei. Shamba lenyewe ni la ukoo wa mume, na akifiwa kesho atarudi kwao mikono mitupu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inampa mwanamke haki sawa ya ardhi, ila ni akina mama wachache tu niliokutana nao waliowahi kuambiwa. Kwa hiyo mkienda kuzungumzia uji wa lishe, zungumzieni pia hati ya kimila yenye majina mawili, na mtafuteni mwenyekiti wa kijiji siku hiyo hiyo. Nimeshuhudia kijiji kimoja cha Kilolo mjadala wa bakuli la uji ukiishia kwenye daftari la ardhi, na wanaume wenyewe wakasaini.

Na VVU vilevile. Utafiti wa mwaka 2022 na 2023 uliikuta Njombe na maambukizi ya asilimia 12.7 kwa watu wa miaka 15 na zaidi, na Iringa asilimia 11.1, wakati taifa ni asilimia 4.4. Kuna wanaowasema watu wetu kwa tabia. Mimi nikiitazama ramani hiyo naona barabara kuu ya Zambia na malori yake, mashamba ya chai, mbao, wanaume wanaokaa miezi bila wake zao, na nyuma yao karne nzima ya kupelekwa mbali kutafuta fedha.

Kuhusu mambo ya kila siku nitapita haraka. Kamati za ulinzi wa wanawake na watoto zilizotokana na MTAKUWWA, mpango wa taifa wa kutokomeza ukatili dhidi ya wanawake na watoto ulioanza mwaka 2017, zipo kwenye karatasi kila kata. Ziitisheni hata kama hakuna posho, na anzeni na wale wanaokuja. Asilimia kumi ya mapato ya ndani ya halmashauri, nne kwa wanawake, nne kwa vijana, mbili kwa wenye ulemavu, ni sheria. Hakikisheni walengwa wenu wanajua tarehe za kuomba. Jiungeni na TASWO, chama cha maafisa ustawi wa jamii Tanzania, kwa maana afisa aliye peke yake hutishwa kwa urahisi na aliye kwenye chama hutishwa kwa shida. Usuluhishi wa matunzo msiufanye baba akiwa na wajomba wanne na mama akiwa peke yake. Na kesi ya ubakaji haisuluhishwi, hata familia zote mbili zije na mbuzi. Inakwenda dawati la jinsia la polisi siku hiyo hiyo.

La mwisho ni mabinti. Kila mwaka, baada ya mitihani ya darasa la saba na kidato cha nne, mabasi ya asubuhi kutoka Iringa na Makambako hubeba wasichana wanaokwenda kufanya kazi za ndani Dar es Salaam na miji mingine. Jina la mkoa wetu limegeuzwa kuwa sifa ya mfanyakazi wa ndani, mithili ya bidhaa. Sheria ya kazi ya mwaka 2004 inakataza kumwajiri mtoto wa chini ya miaka 14, ila kijijini dalali hutaja umri anaoutaka yeye, na mzazi hupokea hela ya sabuni akanyamaza. Hii ni manamba ya pili, safari hii ya watoto wa kike. Kukataza kwa matangazo hakusaidii, kwa sababu wengine wana umri halali na wanahitaji hiyo kazi. Lililofaa mahali nilipofanya kazi ni daftari la kijiji, linalokaa kwa mtendaji, ambamo kila binti anayeondoka huandikwa: umri kwa cheti cha kuzaliwa au cha kliniki, jina na simu ya anayemchukua, mtaa na nyumba anakokwenda, mshahara waliokubaliana na utatumwa kwa simu ya nani. Dalali mwenye nia mbaya hukataa kuandikwa, na hapo mzazi hupata jibu lake. Peleka wazo hilo kwenye serikali ya kijiji, liingie kwenye muhtasari wa mkutano mkuu, kisha pitia daftari kila robo mwaka na upige hizo namba za simu wewe mwenyewe. Isiyopokelewa mara ya pili, mpigie afisa ustawi wa wilaya aliko binti, mtajie nyumba, na umwombe aende leo.